Kutoka piano kwenda hapsikodi: kazi ya mpigaji na mwalimu ikoje hasa?

Nota_na_Besi aliuliza:

Wakuu, habari za majukumu. Naomba msaada kwa wanaoifahamu hapsikodi, kile kinanda cha Ulaya cha karne ya 16 hadi ya 18 ambacho nyuzi zake hudonolewa badala ya kugongwa. Nina msingi wa piano na wa kinanda cha kanisani, nota nasoma vizuri, sauti nne za kwaya hazinisumbui. Lengo ni kufanya usaili wa shahada ya hapsikodi Uholanzi, baadaye niishi kwa kupiga na kufundisha.

Nataka kujua: mkono wa piano unabadilika wapi? Mpigaji analipwa kwa kazi zipi hasa? Chombo cha kwanza kiwe cha namna gani, na kinatunzwaje? Na mwanafunzi anayeanza afundishwe nini kwanza? Naomba majibu yenye vipimo na hatua.

---

Kijiti_na_Uzi alijibu:

Karibu sana mkuu. Naanza na mkono, kwa sababu hapo ndipo wapiga piano wengi wanapokwama.

Elewa kwanza kinachotokea ndani. Ukibonya, nyuma ya kibonye huinuka kijiti chembamba cha mbao au plastiki. Kwenye kijiti kuna ulimi mdogo unaoyumba juu ya pini, na kwenye ulimi imechomekwa plektra: zamani ilikuwa unyoya wa kunguru, leo mara nyingi ni plastiki ngumu iitwayo Delrin. Plektra ikipanda hudonoa uzi. Kijiti kikishuka, ulimi hulala nyuma ili plektra ipite bila kuudonoa uzi tena, springi ndogo (zamani ilikuwa unywele wa nguruwe mwitu) huurudisha mahali pake, halafu kipande cha felti huulalia uzi na kuuzima. Aliyewahi kuona kanuni ikipigwa kwenye taarab atalielewa upesi. Ni udonoaji uleule, ila kidole kimewekwa mbali na uzi.

Kwa hiyo nguvu ya mkono haiongezi sauti kwa kiasi cha maana. Ukishuka na uzito wa bega utasikia vijiti vikigonga ubao unaovizuia juu, na sauti yenyewe itakauka. Kibonye hushuka milimita 6 au 7, wakati cha piano hushuka kama 10. Oktavu ya hapsikodi ya Kifaransa ya karne ya 18 ina upana wa karibu mm 160, ya piano ya leo ni mm 164 au 165, hivyo mwanzoni mkono wa kushoto utapitiliza kila unaporuka. Hilo hujirekebisha lenyewe ukipiga polepole, usilihangaikie.

Zoezi la msingi: washa safu moja tu ya futi 8 (seti ya nyuzi zinazolia kwenye kimo cha kawaida cha nota; ya futi 4 hulia oktavu moja juu). Weka vidole vitano juu ya vibonye vikiwa vimegusa tayari, hakuna kurusha kidole kutoka hewani. Shusha kimoja taratibu mpaka uhisi plektra imeuegemea uzi. Simama hapo. Kisha maliza kwa ncha ya kidole peke yake. Halafu kiinue kidole kwa utaratibu uleule, ukisikiliza felti inavyotua. Dakika 10 kila siku, kabla ya kitabu chochote.

Sehemu hiyo ya pili, ya kuachia, ndiyo inayobeba muziki. Kwenye piano unaitia nota uzito kwa kuipiga kwa nguvu. Hapa unaachia mapema nota inayotangulia, na kile kimya kidogo kinachobaki huifanya inayofuata isikike kubwa. Kisha hiyo nzito unaishikilia kidogo zaidi ya jirani zake. Na kwa kuwa pedali haipo, kodi ya muziki (nota kadhaa zinazolia pamoja) ukiivunja nota moja moja, vidole vibaki chini vyote mpaka kodi ibadilike. Ukivinyanyua mapema chombo kinasikika maskini, na watu hukilaumu chombo bure.

Mapambo yajifunze kutoka kwenye majedwali ya wenyewe: la mtunzi Mfaransa D'Anglebert la 1689, na lile Bach alilomwandikia mwanawe Wilhelm Friedemann mwaka 1720. Trili, yaani kupokezana haraka kwa nota mbili jirani, kwa kawaida inaanzia nota ya juu na inaanza juu ya pigo lenyewe. Mpiga piano mara nyingi huichomeka kabla ya pigo, akaua ule msuguano mtamu na besi, ambao ndio sababu ya pambo kuwepo.

---

Besi_ya_Tarakimu alijibu:

Nikamate swali la malipo. Anayeingia fani hii akitegemea maonyesho ya peke yake atasota. Kazi ya kila siku ni kontinuo: unapewa mstari wa besi wenye tarakimu juu au chini yake, na mkono wa kulia unaunda kodi papo hapo, ukimshikilia mwimbaji, fidla au okestra nzima ya Baroko (muziki wa Ulaya wa takriban 1600 hadi 1750).

Ninyi mliokulia kwenye kinanda cha kanisani mna mtaji hapa. Besi isiyo na tarakimu ni kodi ya kawaida, yaani nafasi ya tatu na ya tano juu yake. Tarakimu 6 ni nafasi ya tatu na ya sita. 7 unaijua. 4 ikifuatwa na 3 ni kucheleweshwa kabla ya mwisho wa sentensi. Anza na ile "kanuni ya oktavu" iliyofafanuliwa na Campion mwaka 1716: besi inapanda skeli meja, na kila hatua ina kodi yake. Hatua ya 1 ni kodi ya kawaida, ya 2 ni 6-4-3, ya 3 ni 6, ya 4 ni 6-5, ya 5 ni ya kawaida, ya 6 ni 6, ya 7 ni 6-5, kisha unafika nyumbani. Kuna na ya kushuka, ambayo inatofautiana. Ipige kwenye funguo zote 24, kila moja ukianzia mkono wa kulia mahali patatu tofauti. Miezi mitatu ya hiyo inashinda mwaka mzima wa kukariri kodi mojamoja.

Makosa yanayomfanya mtu asiitwe tena kazini: kujaza nota nyingi wakati kuna theorbo (gitaa la kale lenye shingo ndefu na nyuzi za besi) au kinanda pembeni kinachofanya kazi hiyohiyo, mkono wa kulia kupanda juu ya sauti ya mwimbaji, kuvunja kila kodi kwa mwendo uleule mmoja hata maneno yanapokuwa ya hasira. Kwenye masimulizi ya opera, yaani sehemu zinazoimbwa kama mazungumzo, soma maneno kabla ya nota. Jua sentensi inaishia wapi, ndipo ujue kodi ipasuke haraka au imwagike polepole.

Sasa jambo ambalo waombaji wengi hawaambiwi: jifunze pia ogani ndogo ya sanduku. Uholanzi wiki za kabla ya Pasaka zinajaa Mateso ya Bach, kazi zake za kwaya na okestra kuhusu mateso ya Yesu. Chama cha Bach cha Uholanzi, kilichoanzishwa 1921, kimekuwa kikiipiga ile ya Mathayo mjini Naarden tangu 1922, na makanisa mengine mengi yana yake. Katika kazi za kanisa za namna hiyo kontinuo mara nyingi hukaa kwenye ogani. Asiyejua kuishika anaikosa sehemu nono ya msimu. Na mguso wake ni tofauti: sauti ya ogani haififii, kwa hiyo kodi inaachiwa mapema zaidi.

Mtazame Gustav Leonhardt, mpiga hapsikodi wa Uholanzi aliyeishi 1928 hadi 2012. Alisoma hapsikodi na ogani Basel kuanzia 1947 hadi 1950, akajitokeza Vienna 1950, akafundisha hapohapo Vienna kuanzia 1952 na Amsterdam kuanzia 1954. Sambamba na hayo alikuwa mpiga ogani wa kanisa la Waalse Kerk, baadaye Nieuwe Kerk, na akaongoza sehemu yake ya kantata za Bach alizorekodi kwa kugawana na kondakta Harnoncourt. Ton Koopman na Bob van Asperen ni wanafunzi wake. Mtu mkubwa kuliko wote katika fani hii alikuwa na kanisa, darasa, jukwaa na studio kwa wakati mmoja. Wewe nawe panga hivyo tangu mwanzo.

Mkataba wa onyesho useme: kiwango cha sauti (A ni 415, 440 au 392 kwa Hz), mpangilio wa kutuni, chombo kinatoka wapi na nani anakisafirisha, utatuni mara ngapi, na malipo ya kutuni yaandikwe mbali na ya kupiga. Omba saa moja ya ukumbi mtupu kabla ya mazoezi na nyingine kabla ya onyesho, taa za jukwaani zikiwa zimewashwa. Chombo kilichotuniwa kwenye ubaridi kitapotoka taa zikiwaka.

---

Fundi_Ubao_wa_Sauti alijibu:

Naongeza upande wa chombo, maana mpiga hapsikodi ni nusu fundi hata asipotaka. Piano inatuniwa mara mbili tatu kwa mwaka na mtu anayekuja na mkoba wake. Hapsikodi unaituni mwenyewe, pengine kila siku.

Kununua: kwa mwanafunzi, kibodi moja yenye safu mbili za futi 8 inatosha kabisa, ya mtindo wa Kiitaliano au wa Kifleminishi kwa kufuata vyombo vya ukoo wa Ruckers wa Antwerp. Sisitiza kibodi inayosogezwa pembeni kubadili 415 kuwa 440, yaani nusu toni. Kibodi mbili zinakuwa za lazima ukifika kwenye kazi zilizoandikiwa hivyo, kama Konseto ya Kiitaliano ya Bach (1735) au Goldberg, yaani vigeuzo vyake vya Goldberg. Chombo cha kibodi mbili cha Kifaransa kinapita mita 2.2 na kinadai gari na wabebaji, kwa hiyo usikikimbilie. Vile vyombo vizito vya kiwandani vya katikati ya karne ya 20, vyenye pedali na mguso kama wa piano, bei yake inavutia ila viache: vitakufundisha mkono usio sahihi na waandaaji wa muziki wa Baroko hawavitaki.

Kabla ya kulipa, piga kila kibonye kwa kila safu peke yake. Tazama ubao wa sauti kama una nyufa, ukiinama uutazame kwa ubavu kuona kama umebonyea karibu na tundu la waridi, lile tundu la duara lenye pambo. Angalia kama sanduku limejipinda, kona moja ya mbele ikiwa juu kuliko nyingine. Plektra mbovu ni kazi ya jioni moja. Sanduku lililopinda ni kazi ya karakana na gharama yake inaweza kuzidi bei ya chombo.

Unyevu wa hewa: asilimia 45 hadi 55, na usiyumbe. Ubao wa sauti ni mspruso wenye unene wa kama milimita 3. Hewa ikiwa na unyevu, ubao unavimba, sauti inapanda, na vijiti vya mbao vinabana kwenye matundu yake. Hewa ikikauka sauti inashuka na ubao unaweza kupasuka. Baridi ya Uholanzi si tatizo. Tatizo ni mitambo ya kupasha joto ndani, inayokausha chumba chini ya asilimia 35. Weka kipima unyevu ndani ya chumba na mashine ya kuongeza unyevu karibu, mbali na dirisha na mtambo wa joto. Anayewaza kuleta chombo Dar, Unguja au Mombasa ana shida ya upande wa pili: chumvi na unyevu vitashika nyuzi za chuma kutu, na kiyoyozi kinachowashwa mchana na kuzimwa usiku ni kibaya kuliko kutokuwa nacho.

Ugonjwa wa kawaida kuliko yote ni kibonye kupiga mara moja kisha kukataa. Maana yake plektra imekaa juu ya uzi, haikurudi chini. Usikimbilie kukata. Toa kijiti, ujaribu kama ulimi unayumba na kurudi wenyewe. Haurudi? Springi imelegea au pini imebana. Unarudi vizuri? Kirudishe, uangalie kama kijiti kinateleza kwenye tundu lake. Kikibana, ni unyevu, kikwaruze kidogo sana ubavuni. Kikiteleza, tazama felti kama imeshuka mno hadi inakibeba kijiti. Ni baada ya hayo yote ndipo unashuku urefu wa plektra. Ikipita uzi zaidi ya nusu milimita hivi, punguza ncha kwa unywele mmoja, ujaribu tena. Kilichokatwa hakirudi.

Kuchonga plektra mpya: isukume kwenye tundu la ulimi kutoka nyuma, ikate urefu, halafu ipunguze upande wa chini kwa kisu chembamba cha upasuaji ukiilaza juu ya kipande cha mbao ngumu. Iwe nyembamba zaidi kuelekea nchani. Upande wa juu usiuguse. Nene mno, sauti inakuwa kali na kidole kinachoka. Nyembamba mno, nota inakuwa dhaifu katikati ya jirani zake na plektra haidumu. Sikiliza nota tano tano, siyo moja moja. Na safu mbili zikiwa zimewashwa pamoja zisidonoe kwa mpigo mmoja: moja itangulie nyingine kidogo, vinginevyo kibonye kinakuwa kizito kama mlango.

Kutuni: kwa muziki mwingi wa karne ya 18, mpangilio wa kutuni uitwao Vallotti unatosha na ni rahisi kukumbuka. Washa safu moja ya futi 8, zima zilizobaki. Pata A kutoka kwenye uma wa sauti. Kutoka A nenda D, G, C, F upande mmoja, na E, B upande wa pili, kila nafasi ya tano ukiibana kwa karibu senti 4 (senti ni sehemu moja ya mia ya nusu toni). Kwenye D–A ya chini kidogo ya katikati utasikia wimbi, yaani sauti ikipanda na kushuka nguvu, kama moja kwa sekunde. Halafu kutoka B nenda F#, C#, G#, na kutoka F nenda Bb, Eb, hizi zote zikiwa safi bila wimbi lolote. G# na Eb zikikutana zenyewe zikiwa safi, umefaulu. Zikilia, kosa liko kwenye moja ya zile sita za kwanza, na mara nyingi ni kwa sababu umezibana kidogo kuliko inavyotakiwa au kupita kiasi. Kisha sambaza kwa oktavu, na safu ya pili ya futi 8 uitunie kwa kuilinganisha na ya kwanza, futi 4 mwisho. Muziki wa watunzi wa karne ya 17 kama Frescobaldi au Froberger unataka mpangilio mwingine, wenye nafasi ya tatu safi kabisa, ambao kwa kawaida unaacha G#–Eb ikilia vibaya. Haipigwi, ndiyo maana inavumilika.

Kabla ya kuzungusha pini, hakikisha ni pini ya uzi unaousikia. Nyuzi nyingi hukatika kwa sababu mtu anavuta uzi wa jirani huku akishangaa sauti haipandi. Nyuzi za juu ni chuma, za besi ni shaba nyeupe au nyekundu, na baadhi hazifikii hata nusu milimita kwa unene. Weka akiba ya kila unene.

---

Mwalimu_wa_Vibonye alijibu:

Nimalizie swali la kufundisha. Mtunzi Mfaransa François Couperin katika kitabu chake cha 1716 kuhusu kupiga hapsikodi anataka mtoto aanze akiwa na miaka 6 au 7, kwenye chombo chenye plektra laini sana, na anasema mwanzoni ni bora mtoto asifanye mazoezi mwalimu akiwa hayupo. Yeye mwenyewe alikuwa akiondoka na ufunguo wa chombo. Vilevile alitaka mtoto ashike vipande kadhaa mkononi kabla ya kuonyeshwa nota. Hoja ya plektra laini ni ya kufuatwa hadi leo: kidole cha mtoto kikilazimishwa kushindana na uzi, mkono wote unakaza na kuulegeza tena kunachukua miaka.

Mtiririko ninaoupendekeza kwa mtoto au mtu mzima asiye na piano: vipande vifupi vya Purcell na vya daftari la Anna Magdalena Bach, kisha preludi nane za Couperin zilizomo kwenye kitabu hichohicho, kisha Invensheni za Bach, huku Froberger akiingia mapema kufundisha kuvunja kodi. Sonata za Scarlatti ziko 555, kwa hiyo zipo za kila kimo, lakini zisiwe chakula kikuu cha mwaka wa kwanza. Zinapendeza mno na mwanafunzi huanza kukimbia.

Mpiga piano anayehamia mpe besi yenye tarakimu siku ya kwanza kabisa. Akili ikishughulika na kodi, mkono unaacha kusukuma. Vidole vya kizamani pia, 3-4-3-4 kwa kupanda mkono wa kulia, vitamfanya aunganishe nota mbili mbili bila kuelezwa falsafa. Kosa utakalolisikia kwa wote ni nota zenye urefu sawa mwanzo hadi mwisho, kama cherehani. Dawa: aimbe mstari wa juu kwa maneno yoyote ya Kiswahili, kisha aupige kwa kufuata silabi zilizobeba mkazo.

Kuhusu ajira, idara za hapsikodi vyuoni ni ndogo, mara nyingi zina mwalimu mkuu mmoja, na kiti hicho hukaa miaka mingi bila kuachwa wazi. Mlango wa kawaida ni kusindikiza madarasa ya filimbi za rekoda, viola da gamba na fluti ya Baroko. Kazi hiyo ina saa nyingi na inakujulisha kwa watu watakaokuita baadaye. Wanafunzi wa nyumbani andikiana nao kanuni ya kughairi somo, hasa kama chombo chako kinatuniwa kwa ajili yao. Uholanzi anayejiajiri huitwa zzp na hujiandikisha kwenye chemba ya biashara, KvK. Asiye raia wa Ulaya akimaliza shahada anaweza kuomba kibali cha mwaka mmoja cha kutafuta kazi, kiitwacho zoekjaar. Jenga mtandao wa kazi ukiwa bado chuoni, maana mwaka huo ni mfupi.

---

Nota_na_Besi:

Walimu wangu, asanteni mno. Swali moja: huku nilipo hapsikodi haipo kabisa. Je, nijiandae kwa kinanda cha umeme chenye sauti ya hapsikodi?

---

Kijiti_na_Uzi alijibu:

Kwa kontinuo na kwa kujifunza nota, ndiyo. Zima uwezo wake wa kubadili sauti kwa nguvu ya kidole, shusha A iwe 415, na kama kina mpangilio wa Vallotti au Werckmeister ndani yake utumie ili sikio lizoee. Kwa mguso hakitakusaidia, maana hakuna uzi wa kuhisi. Zoezi la kuachia vibonye lifanyie kwenye ogani ya kanisani, ambako kila uzembe wa kuachia unasikika wazi. Andaa kipande kimoja cha mwanzo wa karne ya 17, kimoja cha Kifaransa na kimoja cha Bach, halafu soma masharti ya chuo husika kabla hujachagua. Uwaandikie mapema uombe siku mbili tatu za kufanya mazoezi kwenye chombo chao kabla ya usaili.